Chembe za ndoto kwenye hadithi yangu: nani anawazuia watu wasiote hela?

Popo_wa_Mchana
Wakuu habari za usiku. Nna hadithi naandika, ya kubuni kabisa, mji unaitwa Mbarazi na humo kuna chembe hazionekani kwa macho nimeziita njozoni, mtu akilala zinamtoka na zikitua mahali basi kile alichoota kinakuwa kweli. Mfano sura ya pili kuna bibi anaota kisima kikavu kimejaa, kukicha watu wanakuta maji hadi juu. Nilikuwa naona niko vizuri tu mpaka shemeji yangu akasoma akaniuliza swali moja, "sasa si wote wangeota hela?" Nimekwama hapo hapo. Nikaweka mfalme anayepiga marufuku ndoto za mali lakini hata mwenyewe naona ni uongo uongo, utamkamataje mtu kwa alichoota. Je niweke kanuni kama za sayansi au niache yawe maajabu tu?

Mwl_Chaki
Mkuu weka kanuni, lakini moja tu na uisimamie. Nikupe kisa cha kweli. Miaka ya 1920 wanafizikia walikuwa wanapima atomu fulani zinazotoa elektroni, hesabu ya nishati ikawa haifungi, kilichotoka ni pungufu kuliko kilichotakiwa kutoka. 1930 Wolfgang Pauli akasema basi kuna chembe nyingine inaondoka na hiyo tofauti, hatuioni kwa sababu haigusani na kitu. Yaani aliibuni ili daftari lifunge! Ndiyo hizo nyutrino, zikaja kukamatwa kweli 1956 na Reines na Cowan pembeni ya kinu cha nyuklia kule Marekani. Na hapo ulipokaa kila sekunde zinapita kama bilioni 65 kutoka kwenye jua kwenye kila sentimita moja ya mraba ya mwili wako na huna habari.

Sasa njozoni zako zifanye hivyo hivyo. Nyingi zipite tu bila kugusa kitu, ndio maana watu wanaota kila siku na hakitokei kitu. Halafu daftari lifunge: kisima cha bibi kimejaa, maji yametoka wapi? Kuna kisima cha mtu kimekauka. Hela hivyo hivyo, ukiamka na laki kuna mtu ameamka hana. Hapo huhitaji mfalme, majirani wenyewe watakutafuta na mapanga.

mama_pacha
Mi ni nesi wa wodi ya wazazi so ntaongea ya usingizi. Ndoto zile za nguvu zinakuja zaidi kwenye kile kipindi macho yanachezacheza ndani ya kope, kwa mtu mzima kinarudi kila kama dakika 90 hivi. Kipindi hicho mwili unafungwa, misuli inalegea usije ukarusha ngumi kweli, macho tu na pumzi ndo vinabaki huru. Ukizinduka kabla mwili haujafunguliwa ndo ile watu wanasema amekabwa na jinamizi. Kwa hiyo mimi ningezipitisha chembe zako machoni. Kule Uingereza 1975 Keith Hearne alimpima jamaa anayejijua kwamba anaota, akamwambia akiwa ndotoni apeleke macho kushoto kulia kwa mpangilio, na mashine ikanasa kweli! ujumbe umetoka ndotoni mtu akiwa amelala fofofo.

Alafu kitu ambacho hamjakifikiria, kichanga. Kinalala kama saa 16 kwa siku na karibu nusu yake ni usingizi wa aina hiyo. Huo mji wako mtu wa hatari sio mchawi wala tajiri, ni mtoto wa wiki mbili. Anaota nini hatujui, na asubuhi kipo sebuleni.

Popo_wa_Mchana
Mama pacha umeniua na hicho kichanga 😂😂 yaani wodi nzima ya wazazi!

Karafuu_Kavu
Mnamjazia kijana fizikia mpaka hadithi itakuwa notsi za fomu siksi. Msomaji hajali chembe inapita wapi, anajali watu wanalalaje. Sie huku Zanzibar 1995 ilipovuma habari ya Popobawa, lile jini linalosemekana kuvamia watu usiku vitandani, lilianzia Pemba kisha Unguja, watu waliacha vitanda vyao wakawa wanalala nje kwa makundi, moto umewashwa, wengine wanakesha kabisa. Hakuna aliyeuliza linafanyaje kazi. Watu wazima, wenye nyumba zao na makomeo, wamejipanga uwanjani kwa hofu ya kulala peke yao. Hiyo ndo Mbarazi bwana. Nani analala zamu ya kwanza, nani anamwangalia mwenziwe macho yakianza kucheza amwamshe, mume na mke wanaaminiana vipi kitanda kimoja. Andika hayo, kanuni ya mwalimu ikae chini chini isionekane.

Mwl_Chaki
Karafuu hapo sikatai. Isionekane, lakini mwandishi aijue.

dogo_wa_stendi
mi naona swali la shemeji bado halijajibiwa vizuri. waliozoea kujijua wanaota wanasema ukisoma maandishi ndotoni ukageuka ukarudi kuyasoma tena yamebadilika. sasa ota noti uone, ikija asubuhi namba zake hazieleweki, sura ya rais inafanana na mjomba wako, duka gani watapokea? maji yanaotika, ugali unaotika, noti haiotiki. hati ya kiwanja pia

Popo_wa_Mchana
Aisee dogo hiyo nachukua, na shemeji namtumia sasa hivi. Mfalme namfuta. Bibi anabaki na kisima chake ila sura ya tatu inaanzia kijiji cha pili walikoamka ndoo zimegonga udongo, na wanaanza kupita nyumba kwa nyumba kuuliza usiku ule nani alilala. Mama pacha naomba nikufuate inbox kuhusu kichanga, nataka nijue wodini usiku taa mnazimaga au la.

mama_pacha
Njoo. Hatuzimagi.