Tupeane uzoefu: siku makuta (pesa) ilikufia mkononi

Binti wa Himbi (Goma)
Bandugu, jana tulifungua sanduku ya chuma ya marehemu papa. Chini ya nguo nikakuta mabunda tatu ya noti za zaire 5,000,000 (makuta ya Congo wakati wa rais Mobutu), zingine hata hazijakunjwa. Mama alipoziona alikaa chini, akanyamaza, kisha akasema tu: "ile njo ilikuwa bati ya nyumba." Mimi nilikuwa bado kuzaliwa. Nyinyi mulioona, mutuelezee ilikuwaka namna gani siku makuta inakuwa karatasi. Zaire, falanga (makuta ya Congo ya leo), dola, yote. Tupeane uzoefu.

Mama Butike (Goma)
Pole sana mwanangu. Iyo noti ninaijua. Mwezi wa kwanza 1993 walilipa nayo wanajeshi kule Kinshasa, Étienne Tshisekedi, waziri mkuu aliyepingana na Mobutu, alikuwa amesema isipokelewe, wafanyabiashara wakaikataa, wanajeshi wakaanza kupora mji. Hata balozi wa Ufaransa alipigwa risasi zile siku. Papa yako hakuwa mujinga, wengi tuliweka.

Mwalimu wa Kadutu (Bukavu)
Binti, umenirudisha Noeli ya 1979. Nilikuwa na miaka 14, tulikuwa Idjwi. Baba alilima kahawa na makuta yote alikuwa anaweka ndani ya mtungi, maana benki kwake ilikuwa ni mahali pa wazungu na wakubwa. Radio ikatangaza kwamba noti za 5 na za 10 zaire zimeisha kazi, mipaka imefungwa, watu wako na siku chache tu za kubadilisha, tena kuna kiasi ambacho mtu hawezi kupita. Siku ya Noeli! Nani anakupatia mtumbwi siku ya Noeli? Tulivuka ziwa kesho yake usiku, baba, mimi na ule mtungi umefungwa ndani ya kitenge cha mama, upepo unapiga, na baba hasemi neno. Kufika Bukavu, mstari ulikuwa unazunguka jengo lote. Tulilala pale siku mbili. Mvua ilitunyea. Tuliona wakubwa wakipitia mlango wa nyuma na mikoba, wakitoka wanacheka. Siku ya tatu tulipofika karibu, dirisha likafungwa, askari wakatufukuza kwa fimbo. Baba alirudi na mtungi wake vilevile umejaa. Hakuutupa. Ila tangu siku ile hakuuza tena kahawa kwa zaire. Alipitisha usiku ng'ambo, Rwanda, akalipwa faranga za kule, au akadai mbuzi, chumvi, kitenge. Watu wakamwita magendo. Mimi nasema alikuwa amejifunza.

Kijana wa Birere (Goma)
Kabisa mwalimu. Babu yangu vilevile, mpaka alikufa hakuweka hata makuta moja benki.

Ekono wa Nyawera (Bukavu)
Vijana wajue pia ilianzia wapi. 1967 zaire moja ilikuwa dola mbili. Ndiyo, mbili. Na dola yenyewe ilikuwa imefungwa kwa dhahabu, wakia moja dola 35, mpango wa Bretton Woods wa 1944. Tarehe 15/8/1971 Nixon akakata ile kamba. Halafu bei ya shaba ikaanguka 1974 na 1975, na sisi nchi yote ilikuwa inakula shaba ya Katanga na mikopo. 1976 wakafunga zaire kwa DTS, kipimo cha makuta cha FMI (Shirika la Fedha la Kimataifa), lakini ku barabara ilikuwa na bei yake ingine. Mwezi wa tisa 1983 wakakubali masharti ya FMI, zaire ikapoteza zaidi ya robo tatu ya thamani kwa mara moja, wakaachia soko liamue. Mshahara wa mwalimu haukuamuliwa na soko.

Mutu wa Soko Kenya (Lubumbashi)
Ekono asante, umesema yenyewe. FMI njo ilitumaliza. Mpaka leo.

Mama Butike (Goma)
FMI ilichapa zile noti za milioni tano? Ilichapa Kinshasa! 1994 bei zilipanda zaidi ya asilimia 9,000 ndani ya mwaka moja, asubui unauza sukari, mangaribi ile makuta haitoshe kununua tena sukari ileile. Musitafutie watu wa mbali makosa ya watu wa karibu.

Mutu wa Soko Kenya (Lubumbashi)
Mama, na heshima yote, nani alimukopesha Mobutu akijua anaiba? Walikuwa na mutu wao ndani ya Benki Kuu tangu 1978, Blumenthal, akaandika kabisa kama ile makuta haitarudi. Na bado wakaendelea kukopesha. Deni tulilipa sisi.

Ekono wa Nyawera (Bukavu)
Wote wawili muko na haki, lakini binti aliuliza uzoefu, tusimuharibie.

Mutoto ya Likasi (niko Lubumbashi sasa)
Mimi sikuandikaka hapa hata siku moja, lakini leo itabidi. Sisi tuko ba kule Kasai kwa baba, nilizalikwa Likasi. Mu 1993 batu banatufukuza Katanga sisi ba Kasai, munajua, sitaki kurudia. Tulilala ku gare ya Likasi wiki na wiki tukingoja train, bibi yangu alifia pale, tukamuzika bila sanduku. Papa alikuwa ameshonea makuta yote mu matelo (godoro), zaire ya zamani, bei ya nyumba aliuzisha kwa jirani kwa haraka, hata robo ya bei haikufika. Tukafika Mwene-Ditu hatuna kitu, tuko na ile matelo. Mama analia kila siku. Sasa mwezi wa kumi mwaka uleule, Kinshasa inaleta zaire mupya, moja kwa milioni tatu ya zamani. Mule Likasi, yule jirani alinunua nyumba yetu, makuta yake ingine yote ilikufa. Lakini Kasai yote ilikatala! Batu ba Kasai balisema noti mupya hapana, tunabaki na yetu. Na ile ya zamani ikaendelea kuishi, muniamini, mpaka 1998. Kwa sababu hakuna mutu alikuwa anachapa ingine, ikakuwa nguvu kuliko ya Kinshasa. Ba komersa bakaanza kukuya na mifuko ya noti ya zamani toka provensi zingine, kule ni takataka, kwetu inanunua mahindi. Inchi moja makuta mbili. Papa akatoboa matelo, akanunua mashini ya kushona na parsele (kiwanja). Falanga ilipofika 1998, kwetu moja ilikuwa zaire ya zamani milioni 14. Kwingine, falanga moja ilikuwa zaire mupya 100,000, muhesabu mwenyewe ile ya zamani ingekuwa ngapi. Batu balitufukuza ju ya kutumaliza, na ile kufukuzwa njo iliokoa makuta ya papa. Lakini bibi yangu haikumurudisha.

Binti wa Himbi (Goma)
Nimesomea mama hii kwa sauti. Analia.

Kambisti wa Katuba (Lubumbashi)
Story nzuri lakini sisi wengine tuko na upande wetu pia, Katanga pia watu waliteseka, musilete mambo ya kabila hapa.

Mutoto ya Likasi
Yaya, nimetaja kabila ya nani kwa ubaya? Nimesema bibi yangu alikufa ku gare.

Mwalimu wa Kadutu (Bukavu)
Kambisti, mwache aomboleze. Tafadhali. Wewe tuambie yako.

Kambisti wa Katuba (Lubumbashi)
Sawa mwalimu. Musamaha yaya. Yangu ni 1999. Mzee Kabila (Laurent, rais wakati ule) alikatazaka dola, kila kitu kwa falanga, na bei ya serikali ilikuwa ya kwao peke yao. Mimi na kazi yangu hii nilikuwa ninaficha dola ndani ya kiatu, walinikamata, walichukua yote na hakuna karatasi walinipatia. Mwezi wa tano 2001 ndiyo waliachia, toka falanga 50 kwa dola moja mpaka zaidi ya 300. Siku ile nililia, si kwa hasira. Nilikuwa ninaweza kukaa tena ku meza yangu bila kuogopa. Kwa hiyo mtu akiniambia uhuru wa soko ni mbaya, sikubali kirahisi.

Kijana wa Birere (Goma)
Mimi yangu ni ya juzi. Benki zote zilifungwa mwezi wa kwanza 2025 vita ilipoingia mji. Makuta yangu iko, ninaiona ku simu, lakini noti hakuna. Mtoto ana homa, daktari anataka cash. Agenti mmoja wa makuta ya simu anataka nimuachie dola 8 kwa kila 100. Mwingine 10. Nikavuka petite barrière, mpaka wa Rwanda, nikaenda kutafuta mashini ya kutoa makuta Gisenyi, nikapanga mstari na watu wa Goma wote, nikatoa faranga za Rwanda, nikazibadilisha tena dola, kila mlango unakata yake. Nilifika hospitali usiku. Mtoto alipona, namshukuru Mungu. Ila zile saa sita sizisahau.

Mama Butike (Goma)
Nilikuwa ule mstari pia.

Dada wa Essence (Bukavu)
Ushauri wangu: wekeni dola, noti kubwa, safi, zenye picha ya kichwa kikubwa. Niliwahi kukatwa 15 kwa mia sababu ya tundu ndogo kama ya sindano. Na dola moja moja msichukue, hakuna atakayezipokea.

Mutu wa Soko Kenya (Lubumbashi)
Dola? 2025 moja ilikuwa karibu falanga 2,800, ndani ya wiki chache ikashuka chini ya 2,500, na bei ya bunga haikushuka hata kidogo. Walioweka dola walilia. Nunua parsele.

Kijana wa Birere (Goma)
Parsele haivuki petite barrière usiku.

Mwalimu wa Kadutu (Bukavu)
Mbuzi.

Ekono wa Nyawera (Bukavu)
Mwalimu, mbuzi anakufa pia. Gawanya: kidogo dola, kidogo falanga ya kula, kidogo kwa likelemba (mchango wa kupokezana) ya watu unaowajua nyumbani kwao.

Kambisti wa Katuba (Lubumbashi)
Binti, zile noti kuna watu wananunua kwa ukumbusho. Si bei kubwa, lakini ulizia.

Binti wa Himbi (Goma)
Asante kambisti. Nimemuuliza mama, amekatala. Amezihesabu moja moja, noti 300, amezifunga tena na kamba yao, amezirudisha chini ya koti ya papa. Amesema kesho tutaenda kuangalia ile kiwanja, bado iko na mawe ya msingi.