Bilbao siku mbili na nusu: ziara ya majengo, ziara ya pintxo, au ile ya kulipa bakshishi? Naombeni ushauri

mtoto_wa_Ngamiani:
Wakuu habari za jioni. Mwezi wa 10 naenda Bilbao, ile ya Hispania kule kwa Wabaski, ndege nimeshakata na chumba nimeshalipia. Kilichobaki ni ziara ya kutembea kwa miguu na mwongozaji, leo siku ya tatu naangalia na bado sijaelewa nichukue ipi. Zimebaki tatu:

1. Ya majengo, masaa mawili na nusu, mnaenda kundi, euro 30 kwa kichwa. Inaanzia makumbusho ya Guggenheim inafuata mto mpaka mji wa zamani.
2. Ya pintxo, yaani vitafunwa vya baa, jioni, masaa matatu, baa nne, euro 95 kwa kichwa kila kitu ndani.
3. Ile wanayoita ya bure, mwishoni unampa mwongozaji unachoona kinafaa.

Ipi ina thamani ya hela? Punguzo la namba 2 linaisha ijumaa.

Fundi_Saruji:
Mkuu maelezo hayatoshi. Mko wangapi? Unafika siku gani ya wiki? Mnakula nguruwe au hamli? Pombe je? Miguu ya wote ni mizima? Nauliza siku kwa sababu nje ya kiangazi Guggenheim jumatatu hawafungui, na soko la Ribera jumapili meza za samaki na mboga zinakuwa zimefungwa. Ukilipa bila kuangalia hilo utaoneshwa milango.

nyuki_mkali:
Namba 2 na usifikirie mara mbili. Majengo yako nje, unayaona bure mwenyewe, lakini baa za kule ukiingia peke yako mara ya kwanza unasimama tu mlangoni watu wamejaa hadi barabarani, hujui unaagiza kwa nani wala unalipa saa ngapi. Pintxo ni vile vipande vidogo vimepangwa juu ya kaunta, vingi juu ya mkate, unakula kimoja au viwili umesimama alafu mnahamia baa ya pili, na kila baa ina kitu chake inachokijua. Kuna moja inaitwa gilda, zeituni na samaki mdogo wa chumvi na pilipili ndefu ya siki vyote kwenye kijiti kimoja, mi nilikula nne siku ya kwanza na kesho yake nikarudi palepale. Mwongozaji ndio anakufungulia hiyo dunia.

Bi_Zuhura:
Mwanangu subiri kwanza kabla hujatoa hela yako, nikueleze yaliyonikuta mie mwaka juzi na mume wangu.

Tulilipia ziara iliyochanganya, majengo na chakula pamoja, jina la kampuni nitalificha. Kwenye kujaza fomu niliandika wazi kabisa hatuli nguruwe na hatunywi, wakajibu sawa hakuna shida. Kufika tunakuta watu 28, mwongozaji mmoja, kijana mzuri tu lakini sauti haifiki nyuma, vile visikilizio walivyotugawia changu hakisikiki na cha mume wangu kinakoroma. Guggenheim tukasimama dakika kama kumi, piga picha na ile sanamu ya mbwa wa maua, haya twende. Mvua yao ile ya manyunyu wanaiita sirimiri ikaanza, tukavushwa haraka haraka.

Sasa baa ya kwanza wakatupa kipande cha mkate na ham, nikarudisha, akaniomba radhi. Ya pili hivyo hivyo. Ya tatu zikaja zile kababu za maziwa za kukaanga, kroketa, nikamuuliza kijana hizi zina nini, akasema ni za uyoga. Nikala mbili, nilikuwa na njaa. Mume wangu ana tabia ya kuuliza mara mbili, akamwendea mwenye baa, yule mama akashtuka akashika mdomo, akasema hizi ni za jamón, yaani ham ya nguruwe. Nilitoka nje nikasimama ukutani nalia, si kwa sababu ya hela, ni kwamba niliuliza na nikajibiwa. Kijana naye hakuwa na nia mbaya, watu 28 anakimbizana nao, sahani zinapita, alichanganya tu. Lakini ndio ziara za kundi kubwa zilivyo. Hela hawakurudisha, waliandika barua ndefu ya pole.

Kwa hiyo kama kuna mtu kwenye safari yako hali nguruwe, namba 2 iache, au utafute mwongozaji wa kwenu peke yenu.

nyuki_mkali:
Pole sana mama, hiyo imeniuma. Ila hiyo ni kampuni moja, sio zote.

mtoto_wa_Ngamiani:
Bi Zuhura shikamoo, na pole sana. Samahanini wote nilipaswa kusema mapema, nasafiri na bimkubwa. Kaja kunitembelea Antwerp kutoka Tanga, ana miaka 68, goti la kulia linamsumbua hasa kwenye ngazi. Nguruwe hali, pombe hanywi, mimi pia. Tunafika jumapili saa sita mchana, tunaondoka jumanne usiku. Yeye anapenda kuangalia watu wanapika kuliko makumbusho. Mimi ndio wa majengo.

Fundi_Saruji:
Haya sasa tunaongea. Nilikaa pale wiki nzima nikiwa nasomea ujenzi kwahiyo nitakupa la moyoni: chukua namba 1, jumatatu au jumanne asubuhi, lakini waandikie kwanza uulize kundi linaishia watu wangapi. Bila mtu wa kukueleza, Guggenheim ni bati linalong'aa tu. Akikueleza unaelewa kwamba pale palikuwa gati na maghala, mji wa chuma na meli, viwanda vikafa, alafu Agosti 1983 mafuriko yakaja juu ya hayo, mji wa zamani wote ukajaa maji na tope. Mwambie akuoneshe alama ukutani maji yalipofika, utanyoosha mkono hufiki. Miaka 14 baadaye, 1997, ndio jengo lile alilolichora Frank Gehry linafunguliwa. Vile vibati ni titaniamu, unene haufiki nusu milimita, upepo ukivuma vinatikisika kidogo, na rangi inabadilika na mawingu.

Alafu metro. Milango yake ya vioo iliyojikunja kama kamba mkubwa ni ya Norman Foster, 1995, watu wa mji wameipa jina lake kabisa, fosterito. Na kwa ajili ya goti la bimkubwa: kando ya mto ni tambarare, tramu inapita Guggenheim inakuja hadi mji wa zamani, ngazi hakuna. Mpeleke Azkuna Zentroa, lilikuwa ghala la mvinyo, chini kuna nguzo 43 na kila moja ina dizaini yake, ukitazama juu unaona watu wanaogelea kwa sababu sakafu ya bwawa ina kioo. Mama yangu angekaa pale siku nzima.

Daraja jeupe la Zubizuri akalione kwa mbali. Sakafu yake ni vioo, ikinyesha inateleza, watu walikuwa wanaanguka mpaka manispaa ikatandika zulia juu.

kaskazini_mombasa:
Fundi nakuheshimu lakini hebu hesabu. Gehry ametoka Marekani, Foster Muingereza, Zubizuri ya Calatrava mtu wa Valencia, Azkuna ya sasa ni ya Mfaransa Starck, lile jumba refu la Iberdrola mchoraji wake Muajentina. Mbaski yuko wapi hapo? Mtu anakwenda kwa Wabaski anaoneshwa kazi za wageni. Mimi ningempeleka mama Donostia, ndiyo San Sebastián, basi ni saa moja na robo hivi. Pale ufukweni mwisho kabisa kuna vyuma vya Eduardo Chillida vimepigiliwa kwenye mwamba, mtu wa palepale, bahari inavipiga na sakafu ina matundu maji yanaruka juu. Na mji wa zamani wake una historia: 1813 uliteketea karibu wote wakati wa vita, ukabaki mtaa mmoja, leo unaitwa Tarehe 31 Agosti, siku ya moto wenyewe. Kwenye uwanja wa Katiba roshani zina namba, zilikuwa zinakodishwa watu wakae juu watazame mchezo wa mafahali. Na pintxo za Donostia ni habari nyengine.

Fundi_Saruji:
Ghala la Azkuna lenyewe kalijenga Bastida, mzaliwa wa Bilbao, 1909. Soko la Ribera la 1929 pia ni la mtu wa kule. Na ukitaka kazi ya Mbaski iliyotikisa dunia panda metro mpaka Portugalete uone daraja la Vizcaya, la 1893, Alberto de Palacio. Halina barabara, lina kibanda kinaning'inia kwa nyaya kinabeba magari na watu kuvuka mto, bado kinafanya kazi leo, nauli ya mtu haifiki euro 1. Hilo UNESCO imelisajili. Na wageni waliojenga Bilbao hawajaachiwa tu, Calatrava alipoona manispaa imeunganisha njia nyingine kwenye daraja lake aliwashtaki, alidai mamilioni, 2009 akapewa euro 30,000. Mji ule unabishana na majengo yake, ndio maana naupenda.

kaskazini_mombasa:
Hilo la Portugalete nakubali. Lakini siku tatu bila kugusa Donostia ni dhambi.

nyuki_mkali:
Mwenye goti bovu unamuweka basi kwenda na kurudi siku moja? Muache apumzike.

damu_ya_kijani:
Nyote mmeacha kanisa kuu la Bilbao lenyewe, San Mamés! Uwanja mpya wa mpira wa 2013 umekaa karibu pale pale ulipokuwa ule wa 1913, ule wa zamani waliuita La Catedral. Kuna ziara yake, mnaingia hadi vyumba vya wachezaji. Timu yake, Athletic, hawasajili mchezaji asiye wa kwao au aliyelelewa kwenye soka la kwao na hawajawahi kushuka daraja.

kaskazini_mombasa:
Na wale wachezaji wao ndugu wawili, Williams? Wazazi ni wa Ghana.

damu_ya_kijani:
Iñaki kazaliwa Bilbao, Nico Pamplona, wote wamekulia huko huko. Kinachohesabiwa ni ulizaliwa wapi au ulifunzwa wapi mpira. Iñaki akachagua kuchezea Ghana, mdogo wake Hispania na akafunga fainali ya Euro 2024. Nikiwaona pamoja uwanjani nasikia raha isiyo kifani.

mtoto_wa_Ngamiani:
Wakuu bimkubwa mpira hajui hahaha. Tukirudi kwenye chakula, kama namba 2 siichukui tutakula nini na wapi?

Bi_Zuhura:
Marahaba mwanangu. Safari ya pili tulienda wenyewe na tulikula vizuri mno. Nenda Plaza Nueva mapema, kabla hawajajaa, mtafutie mama kiti chini ya matao. Agizeni za samaki, pweza, uyoga, yai na viazi, na kila kitu uliza "¿lleva jamón o tocino?", yaani ina ham au mafuta ya nguruwe, muulize anayepika, sio anayebeba sahani. Kinywaji agiza mosto, ni maji ya zabibu yasiyochachushwa, wanaweka barafu na zeituni, hakuna atakayekushangaa. Chakula cha mchana mle bacalao al pil-pil. Ni samaki wa chumvi, wanamloweka kama sisi tunavyoloweka ng'onda, alafu mafuta ya zeituni na vitunguu saumu, sufuria inatikiswa tu taratibu mpaka mafuta yenyewe yanakuwa mazito kama tui. Hakuna unga, hakuna maziwa. Mama akiona hilo ataomba aingie jikoni. Ila wahini, saa kumi majiko mengi yanafungwa mpaka usiku.

nyuki_mkali:
Hapo sawa, ila mi bado nasema mwongozaji wa peke yenu kwa chakula ndio jibu, mkishalipa anawaulizia yeye kwa lugha yao.

Fundi_Saruji:
Bei yake itazidi 95 mara mbili. Namba 1 jumanne asubuhi, mchana pil-pil, basi.

mtoto_wa_Ngamiani:
Ahsanteni sana. Namba 1 nimewaandikia kuuliza idadi ya watu, bado hawajajibu. Bimkubwa nimemsomea habari ya pil-pil akasema yeye hiyo ndio ziara yake. Donostia amesema tutaona goti litaamkaje.

kaskazini_mombasa:
Mpe pole ya goti, na mwambie Donostia pia ufukwe ni tambarare.

damu_ya_kijani:
Jumapili hiyo angalieni ratiba, kama Athletic wako nyumbani mji wote ni nyekundu na nyeupe kuanzia mchana na tramu zinajaa.