Mrejesho: yale majibu ya EBV ya dogo

Wakuu, niliuliza hapa kuhusu mdogo wangu wa Nyegezi, homa haikati, koo, tezi za shingo zimevimba kama ndimu, malaria hamna, kapewa amoksilini akatoka vipele mwili mzima, halafu kipimo cha EBV IgG (yaani kingamwili za muda mrefu dhidi ya kirusi cha Epstein-Barr) kikaja positivu. Basi tumepata daktari mwingine, anasema IgG peke yake haina maana kubwa, watu wazima zaidi ya asilimia 90 wanacho hicho kirusi na hakitoki, kinajificha kwenye seli za damu. Akaagiza VCA IgM (kingamwili za mwanzoni mwa maambukizi) na EBNA (zinazokuja baadaye), sampuli ikapelekwa Dar. IgM ipo, EBNA hamna, kwa hiyo ni maambukizi mapya, sio kirusi cha zamani kimeamka, maana EBNA inachelewa miezi 2 hadi 4 ndo ionekane. Na vile vipele, amoksilini ikikutana na EBV ndo zake, sio lazima iwe aleji. Dawa ya kuua kirusi hamna, ni panadol, maji na kulala. Bandama imevimba kidogo so mpira marufuku kwanza isije ikapasuka, hapo ndo kanuna hatari. Mkuu uliyesema Burkitt (ile saratani inayohusishwa na EBV) ulitutoa jasho aisee, ile ni ya watoto wadogo zaidi na mara nyingi taya ndo linavimba. Sangara anakula sasa, koo limefunguka.