Ukoo wa Babu: Shamba la Msabaha

Rukia, 19:42
Asalaam aleikum. Narudia kwa walionyamaza tangu juzi. Wakili ashauri tuiondoe petisheni yetu ya shamba, ile kesi ya kikatiba, pale Mahakama ya Mazingira na Ardhi Malindi, tufungue kesi ya madai ya kawaida. Nataka jibu la kila mtu leo.

Rukia, 19:45
Petisheni yasikizwa kwa hati za viapo. Sisi twaapa Babu alikuwa mtu wa dole gumba, na fomu ya uhamisho wa shamba ina sahihi ya kalamu. Yule tunayemshtaki naye aapa alimwona akisaini. Hapo jaji ataka mashahidi waje wahojiwe, na mtaalamu wa maandishi. Hilo ni jambo la madai.

Hamadi, 19:58
Na hela tulizochanga za petisheni?

Rukia, 19:58
Hazirudi. Na twaweza kutozwa gharama za upande wa pili.

Hamadi, 20:01
Kama zile za 2019. Risiti mpaka leo sijaiona.

Zuhura, 20:02
Hamadi, hayo tulishayamaliza

Hamadi, 20:02
Mliyamaliza nyinyi. Mimi niliuza mbuzi wa mama.

Salim, 20:03
Mbuzi gani, yule tuliyemla Idi? 😂

Zuhura, 20:03
😂😂 na ile pilau ya Shangazi

Rukia, 20:05
Jamani tafadhali! Petisheni ikiondoka, lile zuio la mahakama linalolinda shamba linaondoka nayo. Hati ya madai na ombi la zuio jipya ziwe tayari kwanza, ziingie siku hiyo hiyo.

Salim, 20:09
Leo alasiri tipa limemwaga mawe pale mkwajuni shambani
📷 Picha

Rukia, 20:09
Salim! Tangu alasiri?

Salim, 20:11
Simu ilizima chaji

Bakari Muscat, 21:30
Ndo natoka kazini. Tukiondoa si tumeshindwa?

Rukia, 21:34
La, haijaamuliwa. Ila hatuiondoi kimyakimya. Kanuni za petisheni za 2013 zasema tuombe mahakama, na jaji asikize pande zote kwanza. Na shamba lilihamishwa Agosti 2014. Kudai ardhi ni miaka 12, hesabuni. Penye udanganyifu huhesabiwa tangu ulipogunduliwa, lakini wakili hataki tuegemee hapo.

Bakari Muscat, 21:36
Basi mimi nakubali.

Rukia, 21:37
Wasimamizi wa mirathi ni wawili, Shangazi na Ami Athumani. Shangazi yuko tayari kusaini. Ami?

Zuhura, 21:52
Niko kwa Nana, nimemsomea yote. Aniambia niandike hivi: "Nitakwenda Malindi nikaseme mwenyewe, jaji aniulize atakacho. Mume wangu hakushika kalamu maishani mwake. Lakini kabla sijasimama mbele ya watu, Athumani aje hapa anieleze kitambulisho cha babake alimpa nani."

Bakari Muscat, 22:10
Allahu akbar

Ami Athumani, 23:16
Nimesoma. Ijumaa baada ya swala nitakuja kwa mama.

Rukia, 23:17
Shukrani Ami. Na kusaini? Wakili atungoja kesho saa nne.

Rukia, 23:40
Ami?

Hamadi, 05:52
Mimi nangoja Ijumaa. Na risiti.

Rukia, 06:05
Hamadi, mawe yashashushwa. Mimi na Shangazi twaenda hiyo saa nne, hati iandikwe, nafasi ya Ami iachwe wazi. Salim, rudi mkwajuni, piga picha nambari ya tipa.

Salim, 07:31
Nauli?