Mafundi wa PSP, acheni kuwaficha watu Fast Recovery

Wakuu, nina hasira na uzi huu nauandika nikiwa nayo hivyohivyo. Kuna wizi wanaofanyiwa wenye PSP, ile mashine ya gemu ya mkononi ya Sony, kwenye baadhi ya maduka ya gemu hapa Dar: wanafichwa Fast Recovery, kijiprogramu cha bure kinachorudisha gemu zilizopotea. Wizi huu unafanywa mchana kweupe, na wanaoibiwa ni watoto na mama zao ambao hawana pa kuuliza. Jina la duka silitaji. Tangu nianze kuulizia nimekutana na watu walionunua sehemu tofauti kabisa na kisa chao ni kilekile, kwa hiyo nikimtaja mmoja wengine watapumua.

Iko hivi. Dada yangu alimnunulia mwanawe PSP-3000 ya mtumba, safi, kioo hakina mkwaruzo, na ndani ya kimkoba chake zimo UMD za asili, zile diski ndogo za gemu za PSP. Muuzaji akamwambia, "Mama, hizo diski za kizamani, ngoja nikuwekee CFW na gemu za kutosha kwenye memori, dogo afurahi." CFW ni fimwea, yaani programu inayoendesha mashine, iliyobadilishwa na watu wasio wa Sony. Akalipa. Dogo akafurahi kweli, mpaka siku chaji ilipoisha kabisa. Kuiwasha tena, hakuna gemu hata moja. Ukiingia Game, ukashuka kwenye Memory Stick, patupu.

Wakarudi dukani. Jibu: "CFW imeungua, mtoto amezima vibaya. Kuflashi upya elfu 15." Mashine ikapelekwa nyuma ya pazia, ikarudi na gemu zake zote. Baada ya muda chaji ikaisha tena, gemu zikapotea tena, elfu 15 nyingine ikatoka. Ikawa ndiyo desturi. Na kila wakienda, mtoto anasemwa mbele ya mama yake kwamba ni mharibifu, hajui kutunza vitu. Dada akaamini, atafanyaje, fundi ndiye anayejua. Mwisho mashine ikafungiwa kabatini na mtoto akagombezwa kwa kosa ambalo halikuwahi kuwepo. Hilo linaniuma kuliko hela.

Sasa nieleze kilichokuwa kinafanyika nyuma ya pazia.

Nilipoishika ile mashine, kwanza niliingia Settings, System Settings, kisha System Information. Pameandikwa 6.60, namba ya fimwea ya Sony, basi. Mashine ambayo CFW yake inafanya kazi huandika na jina la hiyo CFW palepale, kwa mfano 6.60 PRO. Nikachomeka waya wa USB kwenye kompyuta. Folda ya ISO ipo, na faili za gemu zimo zote. Nikafungua folda ya PSP, ndani yake folda ya GAME. Tupu. FastRecovery haipo, PROUPDATE (kisakinishi cha CFW ya PRO) haipo, hakuna chochote.

Kwa asiyejua: PSP-1000 na zile 2000 za mwanzo zinakubali CFW iandikwe ndani ya mashine yenyewe, ukiwasha inawaka nayo. Kuanzia 2000 za mwishoni, zikafuata 3000 na Go, Sony walibana mlango ule, kwa hiyo CFW kama PRO inakaa kwenye RAM tu, yaani kumbukumbu ya muda. Ukisukuma swichi ya pembeni kidogo ukaachia, mashine inasinzia na CFW inabaki. Ukiishikilia mpaka izime kabisa, au chaji ikiisha, au ukichomoa betri, RAM inafutika na mashine ikiwaka inarudi kwenye fimwea ya Sony. Fimwea ya Sony haisomi faili za ISO, ndiyo maana gemu hazionekani. Zipo palepale kwenye memori, hazijaguswa.

Na waliotengeneza PRO walilijua hilo, ndiyo maana wakaweka kijiprogramu kinachoitwa Fast Recovery. Unaingia Game, Memory Stick, unakikuta kimejipanga kama gemu, unabonyeza X, kioo kinakuwa cheusi kidogo, menyu inarudi, gemu zote hizo hapo. Sekunde chache. Mtoto wa darasa la tatu anaweza, na mpwa wangu sasa anafanya mwenyewe bila kumuita mtu.

Mmeona ujanja ulipo? Kwenye 3000 yenye 6.60 PRO, ili gemu zirudi baada ya kuzima kabisa, lazima mtu aendeshe Fast Recovery, au kisakinishi cha PRO upya. Kwa hiyo fundi anayo mojawapo. Ama anainakili kwenye memori ya mteja, anaiendesha, kisha anaifuta, ama anachomeka memori yake mwenyewe, anaiendesha, halafu anarudisha ya mteja. Vyovyote iwavyo, anahakikisha mteja anaondoka bila hiyo kitu, ili chaji ikiisha arudi na elfu 15. Hakuna kuflashi kunakofanyika pale. Hakuna kilichoungua. Fimwea ikiharibika kweli kwenye PSP huioni hata menyu: taa ya kijani inawaka, kioo kinabaki cheusi, na inazima tena. Ukiona menyu ya Sony inafunguka na mawimbi yake nyuma kama kawaida, anayekwambia "imeungua" anakudanganya usoni.

Nikaenda kumuuliza fundi. Hakukataa. Akaniambia, "Kaka, kila kazi ina siri yake." Akarudi kwenye simu yake.

Siri gani? Hiyo programu hukuiandika wewe. Watu wa PSP wamefanya kazi hii tangu enzi za Dark_AleX na CFW zake za M33, wakaja kina Coldbird na PRO, neur0n na ME, Davee, Acid_Snake na ARK. Walikesha wakitafuta matundu kwenye mashine ya Sony, na wakaziachia programu zao bure, mtu yeyote duniani azishushe, na maelezo ya namna ya kuzitumia wakayaweka. Fast Recovery ni mali ya kila mwenye PSP yenye PRO. Wewe unaichukua bure, unaiondoa kwenye mashine ya mtu, halafu unamuuzia kila betri yake inapoisha. Hiyo si siri ya kazi, ni kumfungia mtu mlango wa nyumba yake na kumlipisha ufunguo.

Na msije hapa kuniambia "fundi naye ale". Ale, tena ashibe. Kubadilisha analogi iliyochoka ni kazi. Kufungua 3000 kubadilisha kioo bila kukata ile riboni nyembamba ni kazi. Kumwambia mteja betri yake imevimba mpaka kifuniko cha nyuma hakifungi, aache kuichaji, ni kazi na ni utu. Hata kumwekea mtu CFW kwa mara ya kwanza, ukamwelekeza vizuri, mlipishe. Ninachokataa ni kuua kitu kwa makusudi ili mtu akulipe ukifufue.

Halafu kuna jambo la pili, ambalo nililikuta kwenye mashine hiyohiyo. Gemu kadhaa kwenye orodha zilikuwa zinagandia mwanzoni, nyingine hazifunguki kabisa. Fundi alishamwambia mtoto kwamba "hizo hazipatani na 3000". Uongo. Nikatoa ile microSD kwenye adapta yake, nikaipima kwa H2testw, programu ya kupima kadi, kwenye kompyuta. Kadi imeandikwa 64 GB. Ukubwa wake wa kweli hata 8 GB haufiki. Kadi za namna hii chipu yake imepangwa idanganye: kompyuta inaona 64, unanakili na inakubali, lakini ukishavuka ukubwa wa kweli, unachoandika kinapotea au kinafuta cha mwanzo. Majina ya faili yanabaki kwenye orodha, ndani hakuna kitu. Ndiyo maana gemu zinaonekana na hazichezi. Ndiyo maana pia mtoto aliipoteza ligi yake yote aliyoicheza tangu mwezi wa pili, kwa sababu sevu zake nazo, yaani rekodi za alipofikia kwenye gemu zinazokaa PSP/SAVEDATA, ziliandikwa juu ya hewa. Alilia. Mama yake akadhani analia gemu tu.

Kwa hiyo kabla hujatoa hela ya memori, omba ipimwe mbele yako. H2testw ni ya bure, inaijaza kadi yote halafu inaisoma tena kuona kama kilichoandikwa ndicho kilichopo. Kwenye Linux ipo F3. Inachukua muda, kaa hapohapo dukani usubiri. Muuzaji asiyetaka kadi yake ipimwe anajua anachouza. Na kadi ya zaidi ya 32 GB kwa kawaida huja na mfumo wa exFAT ambao PSP haiutambui, inataka FAT32. Usikimbilie kulipia "kuifungua kadi". Iweke kwenye mashine, ingia System Settings, chagua Format Memory Stick, PSP itaipanga inavyotaka yenyewe. Itafuta kila kitu, hivyo nakili vyako kwanza.

Kuhusu kuweka gemu zenyewe, hapa napo watu wanatozwa elfu mbili mbili kwa kila gemu, ilhali kinachofanyika ni kunakili faili. Faili ya .iso au .cso inakaa kwenye folda iitwayo ISO, na folda hiyo inakaa nje kabisa, sambamba na folda ya PSP, isiwe ndani yake. Programu ndogo za bure zinazotengenezwa na wapenzi wa PSP zenyewe zinakaa PSP/GAME, kila moja kwenye folda yake yenye faili ya EBOOT.PBP. Ukikuta faili bado ni .zip au .rar, ifungue kwanza. Hakuna zaidi ya hapo.

Na zile UMD ambazo dada aliambiwa ni takataka? Nilizipangusa, nikaziweka moja moja, zote zikasoma. CFW ikiwa imeamka, ukiwa kwenye menyu kuu bonyeza SELECT, kitatokea kimenyu kidogo. Pale kwenye USB DEVICE badilisha kutoka Memory Stick iwe UMD Disc, toka, washa USB Connection. Kompyuta inaiona diski ikiwa faili moja ya ISO. Unainakili kwenye kompyuta, kisha unaipeleka kwenye folda ya ISO ya memori. UMD haizidi 1.8 GB, kwa hiyo hata FAT32 inaibeba bila shida. Gemu ni yako, diski ni yako, umeilipia, na hujamwachia fundi hata senti. Tena unaipunguzia kazi ile mota ya diski, ambayo kwenye mashine za umri huu huwa inakoroma. Sony waliacha kutengeneza PSP mwaka 2014 na fimwea yao ya mwisho, 6.61, ilitoka 2015. Spea mpya kutoka Sony hazipo. Mtu anayemwambia mzazi atupe UMD nzima anaharibu kitu kisichoweza kurudi.

Jingine: hata hiyo Fast Recovery siku hizi si lazima. Ipo Infinity ya Davee, inafanya CFW ijiwashe yenyewe kwenye modeli zote, 3000 na Go zikiwemo. Unapandisha mashine kwenye 6.61, unaweka CFW yake, unaweka Infinity, umemaliza. Betri iwe imejaa na chaja iwe imechomekwa wakati wa kupandisha fimwea, maana ikizima katikati hapo ndipo mashine inakufa kweli. Mashine ya mpwa wangu nimeifanya hivyo na sasa hata betri ikiisha inaamka na gemu zake. Mafundi wanalijua hili. Hawaliweki kwa sababu mteja hatarudi.

Ninachotaka ni hivi. Ukimwekea mtu CFW kwenye 3000, mwachie Fast Recovery kwenye memori na umwonyeshe ilipo, mbele ya macho yake. Kama unaweza kuweka Infinity, weka, taja bei yako mara moja. Na kama umewahi kumwambia mtoto wa mtu mbele ya mzazi wake kwamba ameua mashine huku unajua hajaiua, mtafute umwombe radhi. Dada yangu alimwomba mwanawe radhi, na yeye ndiye aliyekuwa anaibiwa.

Wenye PSP zilizopoteza gemu, msiende popote kwanza. Andikeni hapa chini modeli (geuza mashine, kibandiko kipo nyuma au ndani ya sehemu ya betri), kilichoandikwa System Information, na folda mnazoziona ndani ya PSP/GAME. Nitajibu kila mmoja, na wajuzi wengine wa humu naomba msaidie. Wa Mwanza, Arusha, Mombasa na kwingine, semeni pia mnatozwa kiasi gani huko kwa "kuflashi upya", tujue hili limeenea mpaka wapi.