Gharama za ziada kwenye kiwanja cha mradi wa halmashauri: tulipe, tulalamike au twende mahakamani?

Mwenye Toleo
Wanajamvi, salaam. Mwaka 2021 nilinunua kiwanja cha meta za mraba 600 katika mradi wa halmashauri moja ambayo sitaitaja. Nilikilipia chote kwa kontrol namba mbili, na barua ya toleo ninayo. Mwezi uliopita nililetewa barua inayonitaka niongeze shilingi 1,450,000 ndani ya siku 30, "kutokana na kuongezeka kwa gharama za fidia na miundombinu", nisipolipa kiwanja atapewa mtu mwingine. Haina mchanganuo wala haitaji sheria yoyote, na hata namba ya kiwanja imekosewa tarakimu moja. Tulioipokea ni majirani 46. Wapo wanaosema tulipe yaishe, wapo wanaotaka twende Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, na mmoja anashikilia kwamba ni Mahakama Kuu tu. Naomba mnisaidie kuzipima njia hizi.

Mpimaji Mstaafu
Kabla ya njia, tuanze na karatasi. Miradi ya aina hii, tangu ule wa viwanja 20,000 ulioanza Dar es Salaam mwaka 2002, hutegemea fedha za wanunuzi kurudisha gharama, yaani fidia ya wenye mashamba, upimaji na uchongaji wa barabara. Fidia ikicheleweshwa huvimba, kwa sababu sheria ya uthamini ya mwaka 2016 inataka ilipwe ndani ya miezi sita, na baada ya hapo riba huanza kuhesabiwa; uthamini ukipitisha miaka miwili, kazi huanza upya. Kwa hiyo ongezeko lenyewe linaweza kuwa la kweli kabisa. Cha kuuliza ni nani alikubali kulibeba. Toa fomu ya maombi, tangazo la mauzo na barua ya toleo, usome kama popote pameandikwa kwamba bei inaweza kubadilika. Tenganisha pia tozo ya mbele (ile premium inayolipwa mara moja wakati wa kumilikishwa), ada ya hati, ada ya usajili na kodi ya pango la ardhi, kwa maana hizo zina sheria zake, na nimeona watu wakizipigania bure kwa kudhani ni nyongeza ya halmashauri.

Mwenye Toleo
Shikamoo mzee. Fomu inasema bei "inajumuisha fidia, upimaji na barabara za awali". Sijaona neno la mabadiliko mahali popote.

Wakili wa Pembeni
Sentensi hiyo itunze kama mboni ya jicho. Katika jimbo la Haryana, nchini India, barua za ugawaji zilikuwa zikiandika wazi kwamba bei ni ya makadirio na kwamba fidia ikipandishwa na mahakama mnunuzi ataongeza. Wanunuzi walipogoma, Mahakama ya Juu ya huko iliamua mwaka 1996, katika shauri la Preeta Singh, kwamba wanadaiwa. Uamuzi huo hauzifungi mahakama zetu, lakini wakili wa upande wa pili anaweza kuutumia kuwashawishi majaji, nanyi mtajibu kwamba karatasi yenu inasema kinyume.

Sasa njia. Baraza la Wilaya liko karibu na gharama zake ni nafuu, lakini kwenu ni mtego. Tangu marekebisho ya mwaka 2020 ya Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali, Sura ya 5, anayeishtaki halmashauri hutoa kwanza notisi ya siku 90, humuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na shauri hufunguliwa Mahakama Kuu. Kuacha hatua moja kunalibatilisha. Hofu ya kiwanja kugawiwa wakati mnasubiri siku hizo inatibika, kwani Mahakama Kuu imekuwa ikitoa, hata kabla shauri halijafunguliwa, amri za muda za kuzuia ambazo mawakili tunaziita Mareva. Njia nyingine ni mapitio ya mahakama, ambapo mnaomba kwanza kibali, ndani ya miezi sita tangu uamuzi utolewe. Inafaa mkitaka barua itenguliwe kwa kuwa hamkusikilizwa au haina msingi wa kisheria, lakini haimfai anayedai kurudishiwa fedha.

Mama Watatu
Wakili amesema kweli tupu. Mimi nilikwenda Barazani baada ya marekebisho hayo kwa mgogoro kama huu, nikahudhuria miezi 14, nauli kila mara, faili limejaa risiti hadi halifungi. Siku ya siku likaondolewa kwa kukosa mamlaka, nikaambiwa nianze na notisi. Wakati huo nilikuwa nimeshachoka, nikalipa.

Mpimaji Mstaafu
Pole sana, mama. Hata hivyo, kwa madai ya shilingi 1,450,000, mtu mmoja akienda Mahakama Kuu atatumia zaidi ya anachodai.

Wakili wa Pembeni
Kwa mtu mmoja sina ubishi, mzee wangu. Lakini watu 46 ni shilingi 66,700,000, na mahakama inaweza kuruhusu wachache wafungue shauri la uwakilishi kwa niaba ya wote, gharama zikagawanywa.

Binti wa Upareni
Naomba kuongeza kwamba kulipa nako si lazima kuwe kusalimu amri. Sheria ya Mikataba humtaka aliyepokea fedha kwa makosa au kwa shuruti azirudishe, hivyo anayelipa aambatanishe barua ya kupinga na abaki na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Akilipa kimya ataonekana ameridhia. Ipo pia Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora, ambayo haitozi ada, ila hutoa mapendekezo na haigusi jambo lililokwisha kufika mahakamani, kwa hiyo ukiitaka itangulie. Kliniki za ardhi za wizara, ambako maofisa husikiliza kero za wananchi ana kwa ana, nazo hutatua mengi, hasa makosa kama hiyo tarakimu. Angalizo langu ni moja: ile miezi sita ya mapitio haisimami kungoja majibu ya barua zenu.

Mwenye Toleo
Ahsanteni nyote. Jana jioni tulikutana 31 chini ya mwembe wa jirani, tukakubaliana mambo mawili: leo barua ya kudai mchanganuo inapelekwa kwa mkurugenzi, na Jumatatu wakili anaanza kuandaa notisi ya siku 90 pamoja na maombi ya amri ya muda. Watatu wamechagua kulipa huku wakipinga kwa maandishi, nasi hatukuwazuia. Tarehe ya barua ile nimeiandika ukutani, juu ya kalenda.