Pennebaker alirekodije wimbo mzima kwa mkanda wa dakika 11?

Mkanda16: Wakuu, salaam. Nafuatilia kazi za D. A. Pennebaker, Mmarekani aliyezunguka na Bob Dylan Uingereza mwaka 1965, akarekodi tamasha la Monterey 1967, na David Bowie kwenye ukumbi wa Hammersmith Odeon, London, Julai 1973. Kwa vyombo vya enzi zile aliwezaje kunasa wimbo mzima, sauti ikaenda sawa na midomo? Na mtu mwenye kamera tatu anayerekodi bendi ya roki kwenye ukumbi wa watu 200 leo, aige nini kwake?

FundiSauti: Mkuu, Pennebaker alisomea uhandisi wa mitambo Yale, na hilo ndilo lililombeba. Akiwa kwenye kampuni ya Robert Drew pamoja na Richard Leacock, walihangaika mpaka wakapata kamera ya milimita 16 ya kubeba begani, na kinasa sauti cha pembeni kisichofungwa nayo kwa waya. Kila chombo kiliendeshwa na saa yake sahihi, ndiyo maana fremu 24 kwa sekunde zililingana na sauti. Bila hivyo usingemfuata Dylan garini wala chumba cha nyuma ya jukwaa.

Hesabu ya mkanda: futi moja ina fremu 40, dakika moja inakula futi 36, kwa hiyo futi 400 zinakupa dakika 11 hivi. Wimbo wa dakika saba ukianza wakati zimebaki nne, umeukosa. Dawa ni kamera kadhaa zinazopishana kuanza. Monterey wapiga kamera walikuwepo Leacock, Albert Maysles na wengine, na sauti ikaingia kwenye mashine ya njia nane, yaani inayorekodi sauti nane mbalimbali kwa pamoja. Sauti ilikwenda bila kukatika, picha zikapandishwa juu yake. Hilo ndilo la kuiga.

Sasa ukumbi wako. Usitegemee sauti ya mikisa (mashine ya kuchanganya sauti zinazokwenda kwenye spika) peke yake. Ukumbi mdogo, gitaa na drams zinasikika zenyewe, kwa hiyo fundi anaziingiza kidogo sana kwenye mikisa. Utaondoka na mwimbaji mtupu. Omba kila njia, yaani kila maiki na kila ala, irekodiwe peke yake, kisha weka maiki mbili za ukumbini. Kilele cha sauti kwenye kipimo cha kinasa kisizidi -12 dB wakati wa majaribio, maana bendi ikianza kweli hupandisha.

Mhariri_Pwani: Naongezea. Kamera iliyo mita 34 kutoka kwenye spika inapokea sauti ikiwa imechelewa sekunde 0.1, yaani fremu mbili na nusu kwa mwendo wa fremu 25 kwa sekunde. Ukilinganisha kwa sauti ya kamera hiyo, fimbo itagonga ngoma kabla hujasikia mlio. Linganisha kwa jicho, ukitazama pigo la snea (ngoma ndogo ya mlio mkali). Tena saa za vyombo hutofautiana: sehemu 20 kwa milioni ni karibu fremu mbili kwa saa nzima. Angalia mwanzo na mwisho wa kila kipande.

Kinachowaangusha wengi kuliko mitambo ni ruhusa. Monterey, Janis Joplin na bendi yake walipiga Jumamosi bila kurekodiwa, kwa sababu hapakuwa na kibali. Ikabidi wapande tena Jumapili, na onyesho hilo ndilo lililomo kwenye filamu. Jeff Beck naye alipiga na Bowie usiku ule wa 1973, lakini filamu ilipotoka hayumo. Saini zipatikane kabla ya siku, mgeni wa wimbo mmoja akiwemo. Bendi ikipiga wimbo wa mtu mwingine, ruhusa ya bendi haitoshi. Mwenye utunzi lazima akubali wimbo wake uunganishwe na picha.

Mkanda16: Asanteni sana. Na taa za LED?

FundiSauti: Umeme wetu ni hezi 50, kwa hiyo shata (muda wa kila fremu kupokea mwanga) iwe sekunde 1/50, kamera zote tatu. Michirizi ikibaki kwenye picha, tatizo ni taa zilizofifishwa: mwombe fundi wa taa azipandishe, wewe punguza tundu la lenzi. Taa nyekundu tupu hufanya uso uwe bapa, punguza mwanga unaoingia kwenye kamera hatua moja (nusu yake). Jaribu hayo mchana, taa zenyewe za onyesho zikiwaka, fundi wa taa akiwepo.

Mhariri_Pwani: Kuhusu soko, uwe na subira. Filamu ya Dylan wasambazaji waliikataa. Ilianza kuonyeshwa Mei 1967 kwenye sinema ya Presidio, San Francisco, miaka miwili baada ya ziara. Tenga bajeti ya uhariri kabla hujakodi kamera ya tatu.